Filamu Isiyo na Sauti Katika Nyumba ya Eda

Hapana, msinieleze mimi habari za Bi Riziki. Mimi nilikuwa ndani ya nyumba ile, nyinyi mlikuwa barabarani mkinunua mahamri. Juzi pale Msambweni, kwenye matanga yake, hata hajapoa kaburini, binti mmoja wa ukoo wao alimwinamia mwenziwe tukiosha vyombo uani, akamwambia, "Si ndiye huyu aliyemfungia wifi yake mpaka akakonda kama ufito? Halafu mwenyewe akapandwa na pepo, ikabidi asomewe." Mwenziwe akajibu, "Malipo ni hapa hapa duniani." Mimi nilikuwa na sinia mkononi. Sikulirusha, ingawa Dada Mwanatumu aliyekuwa karibu yangu anajua nilikaribia. Nililiweka chini taratibu nikamwambia yule binti, "Sema tena, mwanangu. Sema kwa sauti, wakusikie na walioko barazani." Akanyamaza. Watu wa kunyamaza namna hiyo huyarudia yale yale ukishawapa mgongo, kwa hivyo nimeamua kuyaandika. Sikusoma sana. Darasani niliishia la nane kule Kinango, na mengine nimejifundisha mwenyewe kwa redio, kwa magazeti ya kufungia viazi, na kwa kubishana na watu. Lakini nilichokiona nimekiona. Ndiyo, alitufungia. Alimfungia Mwanatumu, na mimi nikafungiwa pamoja naye, na ufunguo wa geti ulikuwa kiunoni mwake, kwenye pindo la leso. Hilo silikatai. Nalikataa hilo mnaloliongeza baadaye.

Mwaka ule nilikuwa na miaka kumi na tisa, na nilikuwa nagawa chakula kwenye mkahawa wa Dada Mwanatumu, Ukunda, nyuma ya soko. Habari za kwetu na kwa nini nilitoka siziandiki hapa, zina mahali pake. Inatosha kusema kwamba nilipofika mjini sina pa kulala, watu wengi waliniuliza kabila langu, na Mwanatumu aliniuliza kama nimekula. Alikuwa mpishi wa kujua. Hakuonja kwa kijiko. Alidondosha mchuzi mgongoni mwa mkono wake, akaulamba, akafumba macho kidogo, kisha akasema kitu kimoja tu, "ndimu," au "bado," na kweli ilikuwa ndimu, na kweli ilikuwa bado. Mumewe, Bakari, alikuwa akikaa mlangoni akichambua mchele na kumsifia mkewe kwa wateja mpaka mkewe anaona haya. Asubuhi moja kifua kilimbana akiwa na ungo magotini, na kabla ya alasiri tulikuwa tumeshamzika. Mwanatumu akaingia eda. Mimi ni Mkristo, tena Mduruma wa bara kavu, lakini eda naijua kuliko wengi wenu, kwa sababu niliikaa bila kufiwa na mume. Mjane hukaa nyumbani kwa mumewe miezi minne na siku zake, hajipambi, hajitii manukato, hatoki ila kwa dharura. Ndivyo dini ilivyosema, na haina ubaya, maana mtu aliyevunjika anahitaji mahali pa kuketi. Matata ni kwamba baba mkwe, Mzee Omari, alimtuma bintiye mkubwa kutoka Msambweni aje kuisimamia ile eda, na bintiye huyo, Bi Riziki, akaja na sheria zake mwenyewe ndani ya kikapu.

Nyumba ilikuwa vyumba viwili mgongoni mwa mkahawa, na ua mdogo wa saruji wenye jiko la makaa na pipa la maji. Mkahawa wa mbele ulikuwa umefungwa, viti vimepinduliwa juu ya meza. Chumba cha ndani ndicho cha eda, kimetengwa na chumba cha mbele kwa pazia. Godoro chini, mkeka, jagi la maji, msahafu juu ya rafu. Kioo cha kabati kiligeuzwa kikatazama ukuta, na tivi ya chumba cha mbele ikafunikwa leso kama maiti. Dirisha lilikuwa moja tu, na lilitazamana na stendi ya bodaboda, kwa hivyo Bi Riziki alilipigilia ubao. Juu yetu mabati. Adhuhuri yalikuwa yakilia kwa joto kama mtu anayevunja vijiti, na nje wale vijana wa bodaboda wanabishana habari za mpira, mmoja anacheka, na wewe humwoni. Hilo ndilo lililonitesa, kuwasikia watu wanacheka na sijui wanacheka nini.

"Dirisha limekosa nini, Bi Riziki?" nilimwuliza siku ile ile alipolipigilia.

"Halijakosa. Wapitao ndio wenye macho."

"Basi wapigilie wao mbao."

"Weye mtoto wa Kinango, ulimi wako huo utakuja kukuozea mdomoni." Alisema hivyo bila kunitazama, misumari imo midomoni mwake. "Na mbona huendi zako? Umefiwa na weye?"

"Dada Mwanatumu akila, nitakwenda."

Hakuwa anakula. Chakula cha nyumba ile kilikuwa uji usio na sukari, wali mweupe, na maharage ya maji na chumvi, kwa sababu Bi Riziki alishika kwamba viungo vinanukia, na kinachonukia ni pambo. Nilikuwa namwekea sahani pale mkekani, na Mwanatumu alikuwa ananishukuru kwa heshima, anamega tonge, anatafuna muda mrefu, anameza kwa taabu, kisha ananawa. Mikono yake ilianza kuonyesha mifupa. Siku moja nilimkaripia, nikamwambia anajiua kwa makusudi na mimi sitamchimbia kaburi, na yeye akaniambia kwa sauti ndogo, "Umazi, natafuna karatasi. Chumvi siisikii, sukari siisikii. Ulimi wangu amekwenda nao." Nikamwambia utarudi. Akasema, "Mpishi asiyeonja ni nani? Eda ikimalizika nitaufunga mkahawa, nirudi kukaa kwa watu. Weye nenda Diani, wanatafuta wasichana mahotelini." Alilisema kama mtu anayetaja saa. Nililala siku nyingi na maneno yale. Mambo yalikuwa hayo, na hayakuwa mengine: ama ulimi wa Mwanatumu utarudi, ama atazimika mle chumbani huku tunamtazama, mmoja ameshika ufunguo na mwingine ameshika sahani.

Sasa nikiwa mtu mzima naona kwamba tulikuwa wafungwa watatu, si wawili. Wakati ule sikuona. Bi Riziki alikuwa mwanamke wa miaka arobaini na kitu, ameachwa na mume zamani, amekaa kwa baba yake akitumwa huku na huku, matanga ya huyu, uzazi wa yule. Alimwogopa baba yake kuliko radi. Mchana alikuwa anatoka uani na simu, anainama nyuma ya pipa la maji, na mimi nilikuwa nikitega sikio, kwa sababu mle ndani hapakuwa na lingine la kusikiliza. Kulikuwa na mwanamume wa Gazi, mvuvi aliyefiwa na mkewe, aliyetaka kupeleka posa kwa Mzee Omari. "La, usije sasa," Bi Riziki alimwambia. "Niko kwenye eda ya watu. Ngoja itoke." Kisha akacheka, kicheko cha msichana, akajiziba mdomo kwa mkono. Aliporudi ndani uso ulikuwa wa mawe tena. Mimi nikamwona mnafiki. Nilikuwa na miaka kumi na tisa, kila mtu aliyekuwa na mambo mawili moyoni nilimwona mnafiki.

Asubuhi aliniruhusu kwenda sokoni, kwa masharti nirudi upesi na nisisimame na mtu. Siku moja akanifuata mpaka getini, akaangalia huku na huku, akasema, "Ukipita pale duka la muvi, chukua moja. Ya Kihindi. Ya mapenzi." Nilimtazama. "Usinitumbulie macho. Mchana mrefu." Kijana wa duka la muvi alikuwa mtu wa bara, kofia kaigeuza nyuma, akaniingizia filamu kwenye flashi akisema, "Hii ni noma, sistee. Ni ya msosi na kulia." Nikamwuliza kama ni ya Kihindi, akasema ni ya India, India ni kubwa. Tulipoifungua mchana, herufi zilizotokea zilikuwa za mviringo zote, kama kaimati zilizomwagwa juu ya sinia. Bi Riziki, ambaye Kihindi cha filamu alikuwa anakibahatisha kwa miaka ya kutazama, akasema, "Hiki si Kihindi." Baadaye sana ndiyo nilijua ni Kitelugu. Lakini hata kingekuwa Kidigo kisingetufaa, kwa sababu Bi Riziki alikuwa ameizima sauti yote. Muziki haupigwi kwenye nyumba ya eda, alisema, lakini kutazama si kusikia. Hiyo ilikuwa fatwa yake mwenyewe na alionekana kuridhika nayo.

Kwa hivyo tuliitazama kimya, wawili tumekaa sakafuni, leso ya kufunikia imepandishwa nusu, ili mtu akibisha hodi iteremshwe. Kulikuwa na mwanamke kijana kwenye nyumba kubwa, nywele zimemwagika, anakaa karibu na dirisha siku nzima wala hali. Wazee wake wanamletea sahani, anazisukuma. Halafu kuna mwanamume ana kibanda cha chakula karibu na reli, shati la maua, taulo begani, na siku moja wanamwita aje jikoni kwao. Anapika, yule mwanamke hali. Anapika tena. Kisha ikafika pale alipochukua mkebe mdogo, akautoa ndani yake mnato wa rangi ya kahawia, akaunusa akageuza uso, akaumega akautia kwenye mafuta ya moto. Bi Riziki akanishika goti. "Huo mvuje," akasema.

Huenda wewe msomaji ni wa bara, basi nikwambie. Kwetu pwani mvuje si kiungo, mvuje ni dawa, na unanuka kiasi cha kumwamsha mfu. Mtoto mchanga hufungiwa kidogo kitambaani asipatwe na jicho. Mtu akipandwa na pepo hufukizwa nao mpaka pepo achoke aseme jina lake. Hakuna aliyewahi kuutia chunguni. Miaka mingi baadaye, nikifanya kazi jikoni kwenye hoteli moja Diani, mpishi aliyetoka India aliniambia kwao hutiwa kwenye dengu kuzuia gesi tumboni, nikacheka mpaka nikatoka nje. Lakini siku ile hatukuwa na mpishi wa India. Tulikuwa na picha isiyo na sauti na mtu anayemlisha mvuje mwanamke asiyekula.

"Basi si mapenzi," Bi Riziki akasema polepole. "Yule mwanamke ana pepo. Huoni nywele? Huoni macho? Na yule si mpishi, yule ni mganga."

"Mganga anavaa shati la maua?"

"Wa kwao wanavaa."

"Na haradali?" nikasema. "Na majani yale?"

"Dawa."

Hapo sauti ikatoka nyuma ya pazia. "Dawa au si dawa, moto wake mkubwa. Haradali itaungua." Tuligeuka wote wawili. Pazia lilikuwa na mwanya wa vidole viwili, na kwenye mwanya kulikuwa na jicho la Mwanatumu. Hakuwa amesema neno tangu juzi yake. Nilitaka kuruka, Bi Riziki akanibana goti nisiruke. Akaendelea kutazama tivi kama hakusikia kitu, lakini mkono hakuuondoa gotini kwangu.

Kesho yake alinituma mvuje. Nilidhani amerukwa na akili, na nilimwambia. Akasema, "Nyamaza ulete makaa." Sasa sikilizeni vizuri hapa, kwa sababu hapa ndipo penye kila kitu. Pepo kwetu hafukuzwi tu kama kuku. Huulizwa. Mtu huketishwa, hufunikwa nguo, na pepo huamkiwa kama mgeni aliyekuja nyumbani, akaulizwa anataka nini, na akitakacho hupewa, iwe leso nyekundu, iwe asali, iwe ngoma. Na yule aliyepandwa hana lawama, kwa maana anayeomba si yeye. Bi Riziki alimketisha Mwanatumu mkekani, akamtupia shuka kichwani, akaweka chetezo mbele yake, moshi ukajaa chumba kile kisicho na dirisha mpaka mimi nikatoa machozi. Ubani ungekuwa manukato, lakini mvuje nani ataita manukato. Akakaa chini, magoti yakigusana na ya mwenziwe, akasema kwa adabu kubwa:

"Salaam aleikum, mgeni."

Akaupepea moshi kwa kiganja.

"Karibu. Hatujakuuliza hali tangu ulipofika. Tusamehe. Sasa nakuuliza. Wataka nini?"

Nilikuwa nimesimama mlangoni na niliona shuka likipanda na kushuka. Tangu siku ya mazishi watu walimwambia Mwanatumu asubiri, amshukuru Mungu, asilie sana, asinyamaze sana, akae hivi, asitazame vile. Katika hao wote, na mimi nimo, hakuna aliyemwuliza anataka nini. Mabati yakalia. Bodaboda ikawashwa nje ikaondoka. Kisha chini ya shuka ikatoka sauti kavu, "Dirisha."

"Wataka dirisha?"

"Nataka dirisha lifunguliwe. Nakufa kwa joto."

Bi Riziki hakucheka, hakushtuka. Alinyanyuka akachukua nyundo, akaung'oa ubao mwenyewe, akaning'iniza leso badala yake. Upepo ukaingia. Nikasikia mtu wa bodaboda akiuliza, "Nini kinanuka hivi?" na hayo ndiyo maneno matamu kuliko yote niliyosikia mwaka ule.

Tangu siku hiyo pepo alikuwa anaulizwa kila alasiri. Alitaka wali wa kwenye filamu, ule wa manjano. Mimi ndiye niliyeupika, tivi mbele yangu, nasimamisha picha, nakimbia uani, narudi. Ukwaju nilikuwa nao, pilipili kavu, njugu, manjano, majani ya mchuzi nikayapata kwa Mhindi wa duka. Lakini mvuje niliupima kwa kipimo cha kufukiza, maana ndicho nilichokijua, nikautia donge zima. Mwanatumu alitia tonge mdomoni, macho yakamtoka, akalitema mkononi. "Wifi," akasema, "huyu mtoto ananiua." Hapo nikaelewa. Mtu anayetafuna karatasi hatemi. "Uchungu?" nikamwuliza. "Uchungu, na uchachu kwa mbali," akasema, akajishika midomo kama anayekagua jino. "Na chumvi hujatia." Bi Riziki akageukia ukuta, mabega yakimtikisika. Aliporudi alikuwa amekauka uso kabisa, akatangaza, "Pepo anataka kupika mwenyewe." Na pepo akafunga leso kiunoni akatoka uani, kwa mara ya kwanza, akachutama mbele ya jiko akaniambia nipunguze makaa.

Uchachu ndio uliotangulia kurudi, kisha chumvi, kisha mengine yakafuata yakiwa yanachelewa kama wageni wa harusi. Alikuwa anadondosha mchuzi mgongoni mwa mkono, analamba, anafumba macho, na wakati mwingine hasemi kitu, machozi yanashuka, nasi tunatazama kwingine. Alimlilia Bakari kweli kweli kwa chakula kile, zaidi ya alivyomlilia kwa uji. Msidhani ilikuwa sherehe. Geti lilikuwa bado limefungwa, kioo bado kimetazama ukuta, na kuna siku alirudi kwenye godoro akakaa mpaka jua likazama bila neno. Lakini mchana tulikuwa watatu mbele ya ile filamu, sahani moja katikati, na tukaanza kuwatilia wale watu maneno. Mimi nilikuwa mama mtu. Bi Riziki alikuwa yule mwanamume, na alikuwa mwanamume mtamu wa maneno kuliko wote niliowahi kukutana nao. "Hebu kula kidogo, nuru ya macho," anasema, sauti nzito, mkono kifuani. Na Mwanatumu, kwa niaba ya mwanamke wa dirishani, anajibu, "Usinihurumie. Nipe kisu nikusaidie vitunguu." Baadaye niliitazama filamu ile na sauti yake na tafsiri yake. Hapakuwa na pepo. Mwanamke alikuwa ameachwa na mchumba, akakata tamaa, mtu akampikia, wakapendana. Nzuri, lakini maneno yetu yalikuwa bora.

Mvuje hauna siri. Harufu ilivuka ukuta, na jirani mmoja, jina lake nalihifadhi kwa heshima ya watoto wake, akampigia Mzee Omari simu kwamba kwenye nyumba ya marehemu mwanawe panafanywa uganga. Mzee alikuja asubuhi, kanzu imepigwa pasi, peke yake. Bi Riziki alipoisikia hodi yake alikimbia kumfungulia geti. Tukampa shikamoo, akasema marahaba huku macho yake yanatembea. Dirisha wazi. Tivi wazi. Uani sufuria, wali wa manjano unafuka moshi, na mjane amesimama karibu nayo na mwiko. Mzee ni baba mkwe, kwake mjane hajifichi. Akaketi kwenye kiti cha mkahawa nilichomletea, akaweka fimbo mapajani.

"Nimeambiwa mkaza mwanangu ana pepo," akasema.

Akatutazama mmoja mmoja.

"Kama ana pepo, ni mgonjwa, na mgonjwa hutolewa hata akiwa edani. Nitamchukua leo Msambweni akasomewe Kurani. Nyumba itafungwa. Na kama hana pepo, basi nielezeni mchezo gani huu mbele ya kaburi la mwanangu."

Nilijua maana yake, na Mwanatumu alijua. Mwanamke akishatolewa nyumbani kwa pepo, hakuna mtu Ukunda atakayekula chakula cha mkono wake. Nani anataka tonge lililopikwa na jini? Ule ulimi uliorudi kwa taabu ungerudi kuonja nini, na kwa nani? Na akisema hana pepo, basi amecheza na eda ya mumewe, na hilo lingemfuata mpaka uzeeni. Mimi nilishafungua mdomo. Sijui ningesema nini, lakini kingekuwa kibaya. Mwanatumu akanitangulia. Akaweka mwiko chini, akasema, "Baba, mimi..."

"Pepo ni wangu," Bi Riziki akasema.

Mzee akageuka. Bi Riziki alikuwa amesimama kando ya pipa, pale pale alipokuwa akizungumza na simu yake. Akapiga magoti. "Ni mimi, baba. Wamenipanda tangu Bakari afe. Mimi ndiye niliyeagiza mvuje. Mimi ndiye niliyefungua dirisha na tivi, sikuweza kujizuia. Hawa wawili walikuwa wananiogopa. Mwanatumu amekaa eda yake vizuri, sijamwona na kosa. Huyo anapika kwa sababu mimi ninaitisha."

"Wifi," Mwanatumu akasema, na Bi Riziki akamtazama. Nimetazamwa na watu wengi kwa hasira, lakini sijaona jicho lililomnyamazisha mtu kama lile. Mzee aliiondoa fimbo mapajani. Alikuwa mtu mkali lakini hakuwa mjinga, na mpaka leo sijui aliamini kiasi gani. Akamwuliza bintiye, "Una hakika?" kwa sauti ambayo karibu ilikuwa ya upole, kama anayempa mlango. Bi Riziki akasema, "Nina hakika, baba." Akafungua pindo la leso, akatoa ufunguo wa geti akauweka kwenye kiganja cha Mwanatumu, akachukua kikapu chake, akatangulia kutoka.

Alisomewa wiki nyingi, chumbani kwa baba yake, mlango umefungwa kwa nje. Yule mvuvi wa Gazi, jamaa zake waliposikia, walimkataza, naye akakatazika, akaoa kwingine. Hakuna aliyepeleka posa tena. Eda ilipokwisha Mwanatumu alioga, akavaa, akaufungua mkahawa siku hiyo hiyo, na watu walijaa, na wali wa ukwaju upo mpaka leo, waulizeni wanaokula. Kila Ijumaa alikuwa anapeleka chombo Msambweni. Mimi nilikwenda naye mara ya kwanza, nimejiandaa kumwambia Mzee kila kitu, na Bi Riziki akanijua hata kabla sijakaa. Akanivuta uani. "Ukisema, nimekwenda bure," akasema. "Mpaka nife, Umazi." Nikamwuliza, kwa sababu ilikuwa imenikaa rohoni, kama yeye mwenyewe aliwahi kuamini, hata siku moja, kwamba Mwanatumu alikuwa na pepo. Alikuwa anakula ule wali kwa mkono, taratibu, bila kumwaga punje. "Pepo gani," akasema, "anajua kukata kitunguu namna ile?"

Sasa amekufa, na ahadi niliyompa nimeitimiza. Mwanatumu anajua naandika. Nilimwuliza tukitoka matangani, akasema, "Andika, na usitupambe." Basi sijampamba mtu. Aliyetufunga ni Bi Riziki na aliyetufungua ni yeye, na aliishi miaka yake yote iliyobaki watu wakivuta watoto wao akipita. Wewe unayemwita mwenye pepo, ungekubali kuitwa hivyo maisha yako yote ili mke wa ndugu yako apate kupika?